Asilimia ya misuli imepanda, kilo za misuli zimeshuka

Kama uko Mbeya mjini na kwenye simu yako kuna namba za watu wa mazoezi, hizi wiki utakuwa umeziona zile karatasi. Mtu kapiga picha kale karatasi kanakotoka kwenye mashine ya jimu, mafuta asilimia kadhaa, misuli asilimia kadhaa, maji, mifupa, mpaka "umri wa mwili", afu kaweka stetasi na chini kamshukuru Mungu na mwalimu wake. Mizani tuliyoizoea ni ile ya kijana anayekaa nayo karibu na stendi, unapanda na viatu vyako, anakusomea kilo, unamlipa unaendelea na safari. Sa hivi mizani inakwambia hizo kilo zimetengenezwa na nini, na kwa kweli ni hatua, sikatai. Ila naona watu wanabishana pande mbili na pande zote mbili hawajaielewa, wengine wanasema ni utapeli wa kuuzia watu chai za kupunguza tumbo, wengine wanaichukulia kama majibu ya maabara. Msimamo wangu mi ni huu: ile mashine sio utapeli, ila haipimi misuli, inapima umeme unavyopita mwilini afu inakadiria, na ile namba watu wanayoishangilia kuliko zote, asilimia ya misuli, inaweza ikapanda kipindi kilekile ambacho misuli yako inaisha. Huku kwetu nyanda za juu hilo kosa la kusoma karatasi linawagharimu watu nguvu zao, hasa akina mama, na ndo maana nimekaa chini kuandika.

Nianze na jirani yangu, amekubali niandike bila jina. Ana miaka 38, anauza viazi Uyole, aliingia kwenye chalenji ya siku 60 ya kukata mafuta. Siku ya kwanza karatasi ilisema kilo 80, mafuta asilimia 40, kisicho mafuta asilimia 60, na hiyo 60 mwalimu akaizungushia peni akaandika "misuli". Siku ya mwisho kilo 72, mafuta asilimia 37.5, "misuli" asilimia 62.5, na pembeni hongera kubwa kwa peni nyekundu. Akapigiwa makofi. Jioni akaja nyumbani na karatasi zote mbili, akaniuliza kitu kimoja tu: "Mdogo wangu, kama misuli imepanda, mbona debe la viazi sa hivi silitoi chini mpaka niite kijana?" Tukafungua kikokotoo cha simu. Asilimia 40 ya kilo 80 ni kilo 32 za mafuta, zinabaki 48. Asilimia 37.5 ya kilo 72 ni kilo 27 za mafuta, zinabaki 45. Yaani kilo 8 alizopunguza, 5 ni mafuta na 3 zimetoka kwenye kile kinachoitwa misuli. Karatasi imeandika imepanda kutoka 60 mpaka 62.5, wakati kilo zimeshuka kutoka 48 mpaka 45. Hamna aliyemdanganya kwa makusudi na hesabu za mashine hazijagongana, ni kwamba asilimia inajibu swali lingine kabisa. Chukua sufuria la kande, ukichota mahindi mengi na maharage kiasi, kande iliyobaki itaonekana ina maharage zaidi, lakini maharage yamepungua, hesabu punje uone. Mwili nao hivohivo, ukipoteza mafuta kwa kasi kuliko misuli basi asilimia ya misuli lazima ipande hata kama kila siku unapoteza misuli.

Kiukweli hata hizo kilo 3 sio lazima zote ziwe nyama. Hapa ndo penye mkanganyiko wa pili, maana kwenye karatasi nyingi neno misuli limebandikwa juu ya kitu ambacho sio misuli peke yake. Ukitoa mafuta kwenye mwili kinachobaki ni maini, moyo, figo, ubongo, ngozi, damu, mifupa, maji, na humo ndo misuli ya kukunja mkono na kupanda ngazi imo. Utafiti uliopiga watu 468 picha za MRI, mashine ya hospitali inayoona ndani ya mwili, ukatoka mwaka 2000 ulikuta misuli ya kweli, ile inayoshika mifupa, ni wastani wa asilimia 38 ya uzito wa mwanaume na asilimia 31 hivi ya mwanamke. Sasa mama wa kilo 72 akiambiwa ana misuli kilo 45 ajue hapo ndani zimewekwa na ogani na maji na vitu vingine, misuli yenyewe itakuwa kwenye kilo ishirini na kitu. Na maji ndo mengi kuliko vyote, sehemu isiyo mafuta kwa mtu mzima mwenye afya ni maji karibu asilimia 73. Wanga unaotunzwa kwenye misuli nao kila gramu moja inakaa na maji kama gramu 3, kwa hiyo mtu akiacha ugali na wali ghafla, zile kilo 2 za wiki ya kwanza anazoziimbia sehemu kubwa ni maji yaliyotoka, na mashine itayasoma kama "misuli imeshuka", na siku akirudi kula itasoma imepanda. Yote mawili ni maji.

Ili tuelewe kwa nini tumefika kwenye kukadiria turudi nyuma kidogo. Ile hesabu ya kliniki, uzito gawa kwa urefu mara urefu, ilitoka kwa Adolphe Quetelet, Mbelgiji mtu wa takwimu, miaka ya 1830, na yeye alikuwa anatafuta wastani wa watu, hakuwa anapima unene wa mtu mmoja. Ancel Keys wa Marekani na wenzake ndo wakaipa jina la BMI mwaka 1972. Shida yake inajulikana, haijui tofauti ya kitambi na kifua. Mwaka 1942 daktari wa jeshi la majini la Marekani, Albert Behnke, na mwenzake waliwapima wachezaji 25 wa kulipwa wa futiboli ya kwao, 17 kati yao kwa majedwali ya uzito na urefu ya wakati ule wangekataliwa jeshini kwamba ni wanene. Wakawapima ndani ya maji, mtu anazamishwa anatoa pumzi yote anapimwa uzito humohumo, kwa sababu mafuta yanaelea na nyama inazama, na ikaonekana wengi mafuta yao ni machache, uzito ule ulikuwa nyama tupu. Hapo ndo sayansi ya kupima mwili umejengwa na nini ikashika kasi. Ila angalia, hata kwenye maji hawakupima mafuta, walipima uzito mahsusi wa mwili wote, yaani kila mililita ya mwili ina gramu ngapi, afu wakatumia hesabu inayochukulia kwamba mafuta ya kila mtu yana gramu 0.9 na kilichobaki kina 1.1, hesabu ya mwaka 1961 ya mtafiti anayeitwa Siri imesimama juu ya namba hizo. Watafiti wakaja kukuta Wamarekani weusi ile sehemu isiyo mafuta ni nzito kidogo zaidi ya hiyo 1.1, maana yake kipimo ambacho kilikuwa ndo mama wa vipimo vyote kilikuwa kinawakosea kundi zima. Vifaa vingine navyo, kama ile koleo ya kubana ngozi, hesabu zake zinazotumika mpaka leo, za watafiti Durnin na Womersley za mwaka 1974, zilitengenezwa kwa kulinganisha na yale maji. Kwa hiyo ni kadirio lililopimwa kwa kadirio, na hilo sio tusi, ndo hali halisi, mafuta ya mtu aliye hai huwezi kumtoa ukayaweka kwenye mizani.

Mashine ya jimu yenyewe inafanya hivi. Unapanda pekupeku kwenye vyuma viwili, inapitisha umeme mdogo sana usiousikia, unaingia mguu mmoja unatokea mwingine. Maji yenye chumvichumvi yanapitisha umeme vizuri, mafuta yanauzuia, basi mashine inasoma ule ukinzani, inachukua uzito iliousoma na urefu wako, umri na jinsia vilivyoingizwa, inavipitisha kwenye hesabu ya kiwanda, inatoa majibu. Kilichopimwa kweli pale ni uzito na ukinzani, basi, vingine vyote kwenye karatasi vimekokotolewa. Na ile ya kukanyaga tu umeme wake unapita miguuni na nyonga, mikono na kifua inavikisia, zile zenye vishikio vya mkono zina afadhali kwa sababu umeme unazunguka mwili mzima. Kwa kundi la watu wengi wastani unaweza ukatoka vizuri tu, ila kwa mtu mmoja mmoja kukosea asilimia 3 au 4 ya mafuta ni jambo la kawaida, wakati mwingine zaidi. Sasa chukua mtu aliyetoka 31 akaenda 29 akafanya sherehe, hiyo 2 yote inaweza ikawa ni kosa la kipimo.

Na hapa baridi ya Mbeya inaingia moja kwa moja. Ngozi ikiwa ya baridi ukinzani unapanda na mashine inasoma umenenepa, ikiwa ya moto unashuka inasoma umekonda. Mwezi wa saba nilijaribu mwenyewe, nilitoka nyumbani saa kumi na mbili asubuhi kwa miguu, unajua ile baridi inayoteremka kutoka Loleza, vidole vya miguu nilikuwa sivisikii, nikapanda mashine ikasema mafuta asilimia 27.4. Nikaomba beseni la maji ya moto nikaloweka miguu kama dakika ishirini, nikafuta vizuri, nikapanda tena, 25.9. Sijala, sijanywa, sijakimbia, nimekaa kwenye kiti na beseni na mafuta yamepungua asilimia moja na nusu. Mazoezi nayo yanafanya hivohivo, ukitoka kupiga tizi damu imejaa kwenye misuli na ngozi ina joto, mashine inakuonyesha uko vizuri. Sasa fikiria chalenji ambayo watu wanasajiliwa na kupimwa asubuhi na mapema kwenye baridi, afu siku ya kufunga wanapimwa jioni baada ya kuruka ruka saa nzima na muziki. Nimeshuhudia hiyo kwa macho yangu, sitaitaja ni wapi. Kila mtu lazima atoke mshindi pale, hata ambaye siku zote 60 alikuwa anakula chipsi mayai.

Kuna jambo lingine ambalo sijaona mtu analisema na mimi naliona kubwa kuliko hata baridi. Hizo hesabu za kiwanda zinategemea sana urefu, kwa sababu umeme unapita kwenye umbali na mashine haijui umbali huo, inaukisia kutoka kwenye urefu wako na umbo la watu waliotumika kutengeneza hesabu, ambao wengi ni Wazungu na Waasia. Sasa sisi ni watu wa mikoa gani? Utafiti wa taifa wa afya wa mwaka 2022 umeonyesha watoto wenye udumavu Tanzania ni asilimia 30, lakini Iringa ni karibu asilimia 57, Njombe asilimia 50, na Rukwa nayo karibu hapohapo. Mikoa inayolisha nchi nzima mahindi na viazi. Watoto wadumavu wa miaka ya tisini ndo watu wazima wanaopanda hizi mashine leo, na udumavu haukati urefu tu, mtoto aliyekosa protini anajenga misuli michache tangu mwanzo. Kwa hiyo mtu wa huku mwenye futi tano na inchi moja hajawa mfupi kwa sababu zilezile za Mjapani wa futi tano na inchi moja, uwiano wa miguu na kiwiliwili unaweza usiwe ule, na mashine haina kitufe cha kuiambia hayo. Sitaki kusema inatukosea kwa kiasi gani, ninachosema ni kwamba ukilinganisha asilimia yako na ile ramani ya rangi ya kijani na nyekundu iliyobandikwa ukutani, unajilinganisha na mwili ambao haukukulia hapa.

Sasa wale wanaosema basi ni utapeli, tuachane nayo. Nawaelewa hasira zao kwa sababu kweli kuna watu wanakupima bure ili karatasi ikutishe, ikuambie umri wa mwili wako ni miaka 53 wakati una 38, afu boksi la unga wa kunywa linatoka chini ya meza. Huo "umri wa mwili" kila kiwanda kina namna yake ya kuutengeneza na ukiuruka kabisa hupotezi kitu. Ila kutupa mashine yote kwa sababu ya hao sio sawa. Ukipima mwili wako mwenyewe, mashine ileile, asubuhi ileile kabla ya kula, umeshaenda chooni, chumba kina joto lilelile, hujafanya mazoezi tangu jana, makosa mengi yanajirudia kwa upande uleule, na yakijirudia hivyo mwelekeo wa miezi mitatu unakuwa na maana hata kama namba yenyewe sio sahihi. Saa ya ukutani iliyo mbele dakika kumi bado inakuonyesha saa moja imepita. Wenye kifaa cha kuendesha mapigo ya moyo wasipande kabisa, na wajawazito nao waiache, hilo lisemwe mlangoni kabla hata ya kuvua viatu.

Upande wa pili wana hoja nzito zaidi. Wanasema kilo peke yake ilikuwa inawaua watu moyo, mama anafanya mazoezi mwezi mzima mizani haisogei anaacha, kumbe mafuta yameshuka na misuli imeongezeka kidogo, mashine ndo imemuonyesha hivyo akaendelea. Hilo ni kweli na nimeliona, na kama faida ya mashine ni hiyo tu tayari imefanya kazi. Wanasema pia BMI ni mbaya zaidi, na hapo nakubaliana nao, BMI isingeweza hata kuanza kumuuliza jirani yangu kilichopungua ni nini. Tena karatasi yake ilikuwa na jibu lote, kilo za mafuta na kilo za kisicho mafuta zilikuwa zimeandikwa chini kwa herufi ndogo, ila mwalimu alisoma asilimia za juu kwa sababu ndo zenye rangi. Kwa hiyo kosa lilikuwa kwenye macho yaliyoisoma, na kwenye chalenji iliyopangwa ili asilimia ndo ishinde.

Hoja dhaifu kuliko zote, na ndo inayosambazwa kuliko zote, ni ile kwamba ongeza misuli mwili utaunguza mafuta ukiwa umelala. Kilo moja ya misuli ikiwa imepumzika inatumia kama kalori 13 kwa siku nzima, kilo ya mafuta yenyewe inatumia kama 4 na nusu. Ukihangaika nusu mwaka ukaongeza kilo 2 za misuli, na hiyo ni kazi kubwa, umeongeza kalori 26 kwa siku, hazifiki vijiko viwili vya chai vya sukari. Mtu akikuuzia programu kwa hoja hiyo anakuuzia hewa. Na inaniuma kwa sababu sababu za kweli za kutunza misuli zipo na ni nzito, hazihitaji kuongezewa chumvi. Sukari inayotoka kwenye ugali uliokula inapokelewa kwa sehemu kubwa na misuli, ndo ghala lake, ghala likiwa dogo na halifanyi kazi sukari inabaki inazunguka kwenye damu. Utafiti wa magonjwa yasiyoambukiza wa mwaka 2012 ulikuta kama asilimia 9 ya Watanzania watu wazima waliopimwa sukari iko juu, na sioni sababu ya kuamini tangu hapo imeshuka, ukikaa foleni ya kliniki ya kisukari hospitali yoyote ya huku unaona mwenyewe. Afu kuna uzee. Misuli inaanza kupungua taratibu ukishapita miaka ya thelathini, nguvu inapungua haraka kuliko hata nyama yenyewe, na bibi akianguka bafuni mara nyingi ni kwa sababu paja halikuweza kumshika. Hali hiyo wataalamu waliipa jina mwaka 1989, wanaiita sakopenia, na mwaka 2018 wataalamu wa Ulaya walipokaa kupanga upya namna ya kuitambua waliweka nguvu mbele ya wingi wa misuli, yaani unaanza kumuuliza mtu anaweza nini kabla ya kuuliza ana kilo ngapi.

Kuna wanaonijibu, sisi watu wa jembe, misuli tunayo, hayo ni mambo ya watu wa mjini wanaokaa ofisini. Ningependa iwe hivyo. Lakini mama aliyekuwa analima Mbozi leo anakaa kwenye kibanda cha miamala Mwanjelwa kuanzia saa mbili mpaka saa mbili, anapanda bajaji kwenda na kurudi, na sahani yake bado ni ya mtu aliyeshinda shambani, ugali mkubwa na mboga ya majani, maharage kijiko. Hata anayelima bado, jembe linajenga mgongo na viganja na pumzi, lakini mwili unaofanya kazi nzito bila protini ya kutosha unakula nyama yake wenyewe. Na akija kuingia kwenye hizi chalenji kitu cha kwanza anachoambiwa apunguze ni chakula chote kwa pamoja, asubuhi chai ya tangawizi, mchana matango, usiku tikiti. Mtu akijinyima hivihivi bila mazoezi ya nguvu, karibu robo ya kilo zinazotoka zinatoka kwenye sehemu isiyo mafuta, akijinyima sana inazidi robo, jirani yangu ilifika zaidi ya theluthi. Afu mafuta yanarudi kirahisi sana akianza kula kawaida, misuli hairudi mpaka uifanyie kazi, kwa hiyo mwaka unaofuata ana kilo zilezile 80 lakini mafuta ni mengi kuliko mwanzo. Akirudia chalenji mara tatu nne huyo mama amejimaliza huku kila mara akipewa karatasi ya hongera.

Ndo maana nasema tunachotakiwa kulinda kwenye kupunguza mwili ni zile kilo za chini zenye herufi ndogo. Jirani yangu ameanza upya mwezi huu na tumebadilisha mambo machache tu. Protini imepanda, na sio ya kwenye kopo, mayai mawili asubuhi kila moja lina protini gramu 6 hivi, maharage sahani nzima badala ya kijiko, usipa wa Kyela waliokaushwa ambao kwa uzito wao hamna nyama inayowafikia, maziwa ya Rungwe glasi jioni. Ugali umepungua haujaondoka. Kukimbia asubuhi kumebaki siku mbili, siku tatu nyingine ananyanyua vitu, skwoti na ndoo ya mchanga, kusukuma ukuta, kubeba madumu mawili ya lita kumi kumi kutoka geti mpaka jikoni na kurudi mpaka mikono ikatae. Kiuno anapima kwa futi ya fundi cherehani, katikati ya ubavu wa mwisho na mfupa wa nyonga, pumzi ikiwa imetoka, na tunafuata kipimo cha Shirika la Afya Duniani, mwanamke akipita sentimita 80 hatari inaanza, 88 imekuwa kubwa, mwanaume 94 na 102. Futi hiyo ni ya bei ndogo na haijali baridi. Na kiti, anakaa na kusimama mara tano mikono ikiwa imekunjwa kifuani huku binti yake anahesabu sekunde kwenye simu, mzee akizidisha 15 ni dalili ya udhaifu, yeye alianza na 13 na ana miaka 38, hiyo ilinitisha kuliko asilimia yoyote.

Mashine bado anaipanda, mara moja kwa mwezi, Jumamosi ya kwanza, soksi amekuja nazo tangu nyumbani na anakaa ndani dakika kumi miguu ipate joto kwanza. Anachoandika kwenye daftari ni kilo za mafuta na kilo za kisicho mafuta, asilimia haiandiki. Kwa wenye jimu ombi langu liko wazi na halina gharama yoyote: pimeni watu saa ileile mwanzo na mwisho, kabla ya mazoezi, andikeni kilo kwa peni nyekundu na asilimia ziacheni kwenye karatasi, na zawadi za chalenji zisiende kwa aliyepungua asilimia nyingi, ziende kwa aliyepunguza kiuno bila kupoteza uzito anaoweza kunyanyua. Mizani ya kupimia uzito wa kunyanyua mnayo tayari, ni vyuma vyenyewe. Walimu wengi wa jimu hapa mjini ni vijana wanaojituma, mwalimu wa jirani yangu nilipomwonyesha ile hesabu ya 48 na 45 alikaa kimya afu akaniomba nimwachie karatasi, kesho yake akaanza kuwapigia simu akina mama wengine wa chalenji ile mmoja mmoja.